Lachezar Dragiev, Aliyefunga Milango ya "Njia ya Chumvi"

Ndugu, majirani na wafanyakazi wenzake mliopanda hadi kijijini hapa leo, Jumatatu tarehe 21 Oktoba 2024, familia ya Dragiev inawasalimu, na kabla hatujamfikisha Lachezar makaburini inawaomba waliopata viti wakae, waliokosa waegemee ukuta, tusikilize alikotoka na alikopita, kwa sababu wengi wenu mlimjua upande mmoja tu, wa kijijini hamkumjua wa kazini, na wa kazini baadhi yenu mmeniambia asubuhi hii kwamba hamkujua kama ana kwao.

Marehemu Lachezar Minkov Dragiev alizaliwa tarehe 9 Februari 1979 mjini Gabrovo, mtoto wa pili na wa mwisho wa marehemu Minko Dragiev, fundi mitambo wa kiwanda cha ngozi, na Bibi Penka Dragieva, mfumaji wa kiwanda cha sufu, ambaye amekaa hapa mbele. Alizaliwa wiki tano kabla ya siku zake, na mama yake husema hiyo ndiyo mara pekee mwanawe alipotoka mahali mapema.

Alianza shule ya msingi tarehe 15 Septemba 1986, akaendelea na sekondari ya hisabati mjini hapohapo kuanzia mwaka 1993 hadi 1998, ambako kulikuwa na chumba kimoja cha kompyuta sita na ufunguo mmoja. Ijumaa moja ya Machi 1996 mtunza shule alifunga chumba hicho bila kuangalia ndani, akaenda zake, na Lachezar akapatikana Jumamosi saa sita mchana, baada ya baba yake kuzunguka hospitali zote, akiwa amekula tufaha moja tangu jana yake, na mlango ulipofunguliwa hakulalamika, aliomba dakika kumi amalize. Baba yake alimtoa kwa sikio. Baada ya sekondari alitumikia jeshi miezi tisa katika kituo cha mpakani, kisha Oktoba 1999 akaingia chuo cha ufundi, akakiacha Juni 2002 bila cheti, jambo ambalo mama yake hajalisamehe hadi leo na ameomba lisomwe.

Jumatatu tarehe 2 Septemba 2002 aliajiriwa Sofia na Plamen Hadzhiev, ambaye jeshini alilala kitanda cha juu yake, katika studio ya kutengeneza michezo ya kompyuta iitwayo Kehlibar, iliyokuwa na watu kumi na mmoja katika vyumba viwili juu ya duka la mikate. Watu hao kumi na mmoja ndio walioanza mfululizo wa "Njia ya Chumvi", ambao watoto wenu wanaujua kuliko sisi, wenye yule mwanamke Boyana anayepitisha chumvi ya magendo milimani, anapanda majabali, anapigana na majambazi kwa fimbo na kuingia katika makaburi ya watawa wa kale. Mchezo wa kwanza ulitoka tarehe 26 Oktoba 2006, wa pili tarehe 8 Mei 2009, wa tatu tarehe 15 Novemba 2013 na wa nne tarehe 21 Septemba 2018, na yote minne imechezwa na mamilioni ya watu katika nchi ambazo Lachezar hakuwahi kufika.

Wengi mmekuwa mkiuliza kazi yake hasa ilikuwa ipi, na yeye alikuwa hajui kueleza, kwa hiyo tunaieleza hapa kama tulivyoielewa. Wengine walichora milima, wengine walimfundisha Boyana kuruka, wengine walitunga maneno yake, na Lachezar alifunga. Dunia ya mchezo ina mwisho, mchezaji akivuka mwisho huo anadondoka chini ya ardhi na kuendelea kudondoka bila kukoma, ndiyo maana lazima kuwe na mtu wa kuweka mwamba hapa, kichaka cha miiba pale, daraja lililovunjika, ukuta usioonekana, ili mchezaji ageuke arudi bila kuona kwamba amezuiwa. Kulikuwa na watu wa kujaribu mchezo ambao kazi yao ya kutwa nzima ilikuwa kutafuta matundu ya kutorokea, wanamletea orodha, yeye anaziba, wao wanatafuta mengine. Alifanya hivyo kwa miaka ishirini na miwili kasoro wiki tatu.

Sasa ni lazima tuseme habari ya majina, kwa kuwa ndiyo iliyomweka pale. Mchezo unapoisha, majina ya wote walioutengeneza hupita moja moja kwenye kioo cha kompyuta, na studio ilikuwa na sheria kwamba aliyeondoka kabla ya siku ya mchezo kutoka haandikwi, hata kama alifanya kazi miaka minne na zimebaki siku nne. Hili si la kujipamba tu. Mikataba yao inawakataza kuonyesha kazi zao nje, kwa hiyo jina lile ndilo cheti chao, asiye nalo akienda kuomba kazi kwingine hana la kuonyesha, miaka yake haipo. Wa kwanza kupotea hivyo alikuwa Ralitsa Boneva, ambaye yuko pale karibu na dirisha, aliyeuchora uso wa Boyana kuanzia mstari wa kwanza, akaondoka wiki saba kabla ya mchezo wa kwanza kutoka kwa sababu ujauzito ulimlaza kitandani, na jina lake halikuonekana popote.

Lachezar alilichukua jambo hilo moyoni, lakini hakuwa mtu wa kugombana, akalimaliza kwa njia yake. Katika mchezo wa pili alikuwa na tabu ya milango, maana vijiji vya mchezo vina nyumba nyingi ambazo hazina ndani, milango yake ni picha tu, na wachezaji walikuwa wanasimama kuigonga hadi wanakasirika. Akabandika kwenye kila mlango usiofunguka karatasi yenye fremu nyeusi, tanzia, kama hii yake mliyoiona langoni na kwenye nguzo ya kituo cha basi, na wachezaji wa kila nchi wakajifunza ndani ya dakika chache kwamba penye karatasi hapaingiliki, bila kujua ile karatasi ni ya nini. Kwenye karatasi hizo aliandika, kwa herufi zetu, majina kamili ya wote walioachwa katika orodha.

Alichosahau ni kwamba kwetu kuna watu wanaozisoma. Siku ya nne baada ya mchezo kutoka, mpwa wa mtu huko Varna aliliona jina, akamwambia shangazi yake, na jioni Ralitsa akampigia simu Lachezar.

"Lachezar, mama yangu amepigiwa simu tano za pole, na wa sita amekuja na ngano ya kuchemsha, ile ya matanga, mlangoni, mimi niko jikoni nachoma pilipili."

"Lakini jina lako limo," Lachezar alisema.

"Limo, ndiyo. Mimi ndiye simo."

"Nilifute?"

Ralitsa anasema alikwenda kuziepua pilipili, zilikuwa zimeshaungua, halafu akamwambia, "Liache. Ila mhamishie Yavor, aliyeachwa kama mimi, mlango wa jirani, nisikae peke yangu kama mjane."

Mama yake Lachezar hakucheka, alimpigia kutoka Gabrovo akamwuliza ni nani aliyemfundisha kuwatangazia msiba watu walio hai, na kwa wiki mbili hakupokea simu zake. Baadaye, mwaka 2015, studio iliponunuliwa na wamiliki wa nje na mwanasheria wao akataka kujua karatasi zile zinasema nini, Galin Shopov, rafiki yake Lachezar wa kazini, alimjibu kwa maandishi kwamba ni matangazo ya kukatika maji, na katika nyaraka za kampuni ndivyo zinavyoitwa mpaka leo. Katika mchezo wa nne matangazo ya maji yalikuwa themanini na sita.

Marehemu alifunga ndoa tarehe 23 Septemba 2006 mjini Gabrovo na Zhivka Todorova, mpishi wa shule ya chekechea, aliyekutana naye kwenye foleni ya kubadilisha vitambulisho, na Jumatatu iliyofuata alirudi Sofia kwa sababu mchezo wa kwanza ulikuwa umebakiza mwezi mmoja. Mungu aliwajalia watoto wawili, Elitsa, aliyezaliwa tarehe 4 Mei 2009, na Momchil, aliyezaliwa tarehe 17 Januari 2014. Elitsa alizaliwa siku nne kabla ya mchezo wa pili kutoka, na baba yake alimwona kwa mara ya kwanza akiwa na siku sita. Momchil aliwahiwa, kwa kuwa mchezo wa tatu ulikuwa umekwisha kutoka, na Zhivka amekuwa akisema kwamba huyo wa pili alimpangia tarehe.

Aliandika barua ya kuacha kazi mara tatu. Ya kwanza ilikuwa Februari 2009, mke wake akiwa mjamzito, Plamen akamwambia imebaki miezi miwili na nusu, utapotezaje miaka mitatu kwa miezi miwili na nusu, Lachezar akaichukua barua yake akarudi kukaa. Ya pili ilikuwa Februari 2018, wiki ambayo baba yake alifariki, alipokuja maziko ya saa tano na kuondoka saa tisa na nusu alasiri akiwa bado na udongo viatuni, akaambiwa imebaki miezi saba. Ya tatu ilikuwa Oktoba 2022. Mchezo wa tano ulitakiwa kutoka Novemba mwaka huo, na safari hii alikuwa amejipanga, atasubiri utoke, jina liandikwe, ahamie katika nyumba hii ya bibi yake na watoto, afanye kazi ndogo ndogo za mtandaoni, na tayari Zhivka alikuwa ameomba uhamisho kwenda chekechea ya Tryavna, chini ya kijiji hiki, na kuupata. Wiki mbili kabla, wamiliki waliahirisha hadi mwishoni mwa 2023, kisha Oktoba 2024. Akawa na miaka minne ndani ya mchezo ule, ikawa mitano, inakwenda kuwa sita, na kila mwaka ulioongezeka ulifanya kuondoka kuwe ghali zaidi. Zhivka na watoto walihamia huku Januari 2023. Yeye alibaki Sofia katika chumba cha kupanga, anakuja Jumamosi ya pili ya mwezi, na zipo Jumamosi ambazo hakuja.

Tarehe 12 Machi 2024, baada ya kuumwa mgongo na tumbo tangu Krismasi na kusema ni kiti, alipimwa katika hospitali moja ya Sofia akakutwa na saratani ya kongosho iliyokwisha kufika kwenye ini. Daktari Marinova, ambaye hakumficha kitu, alimwambia dawa zitamsaidia kusogeza siku, haziwezi kumponya. Alianza dawa tarehe 20 Machi, Jumatano ya kila wiki ya pili, na Alhamisi alikuwa kazini. Familia ilidhani sasa atatoka. Zhivka alimwuliza kwenye simu, "Mwaka huu unamtafutia nani kazi, mpaka uhitaji jina?" na yeye akajibu kwamba si kazi, ni miaka sita, kwamba akitoka sasa itakuwa kama aliikaa bure mbali nao, na kwamba hilo hawezi kulibeba. Mke wake alimwambia miaka imekwisha kupita, iwe na jina isiwe na jina. Alisema ndiyo, akarudi kuziba matundu.

Tarehe 6 Agosti 2024 Daktari Marinova alimpigia Zhivka akamwambia dawa zimeacha kufanya kazi, na kwamba ahesabu miezi miwili, ikizidi sana miwili na nusu. Ijumaa tarehe 9 Agosti Zhivka aliazima gari la kaka yake, akatandika godoro nyuma, akaendesha hadi Sofia. Studio siku hizi iko ghorofa ya nne ya jengo la vioo, madirisha hayafunguki, milango inafunguka kwa kadi, na mgeni haruhusiwi kupita bila kutia sahihi kwamba hatasimulia atakachokiona.

"Nikamsimulie nani," Zhivka alimwuliza binti wa mapokezi, "kuku?"

Alitia sahihi, akasubiri dakika arobaini, na aliyekuja kumpokea alikuwa Plamen mwenyewe, ambaye alimkalisha kwenye korido akaongea kwa sauti ya chini.

"Shemeji, zimebaki wiki kumi na moja tu. Naweza kumpa sofa humu ndani, naweza kumletea nesi. Lakini akitoka leo, orodha haiko mikononi mwangu. Wale wa nje hawaelewi ugonjwa, wanaelewa tarehe."

"Plamen," Zhivka alisema, "wiki kumi na moja hana."

Familia inapenda ijulikane kwamba Plamen ndiye aliyetoa kadi yake mwenyewe akamfungulia mlango.

Lachezar alikuwa amekalia mto, amebaki kilo hamsini na mbili, na mbele yake kulikuwa na orodha ya wajaribu mchezo. Alipomwona mke wake hakushtuka, alisema, "Zimebaki sehemu kumi na nne, Zhivka. Wakipita hapo wanadondoka."

"Wadondoke."

"Nipe mpaka jioni."

Zhivka alivuta kiti akakaa pembeni yake, akaweka mkoba magotini, akasema hana haraka ila godoro liko juani. Alimwambia alichoambiwa na daktari, kwa maneno yaleyale, miezi miwili, kwa sababu mtu mwingine asingemwambia. Lachezar aliendelea. Aliziba tundu moja nyuma ya kinu, akaziba la pili kwenye ukingo wa mto, la tatu lilimchukua karibu saa nzima kwa sababu vidole vilikuwa vimekufa ganzi kwa dawa, na Zhivka anakiri kwamba katika saa ile alijiandaa kurudi peke yake. Halafu Lachezar aliuliza, bila kugeuka, Elitsa anaingia kidato gani Septemba. Zhivka alimwambia. Akauliza Momchil je. Akamwambia. Lachezar akasukuma kiti nyuma, akasema, "Galin, njoo uchukue kumi na moja."

Galin alikuja, akatazama orodha, na kama mnavyomjua hawezi kunyamaza penye uzito.

"Kaka, basi nikubandikie tangazo la maji. Chagua mlango, nitakupa wenye kivuli."

"Usinibandike popote."

"Kwa nini? Umewabandika wenzetu wote."

"Milango ile haiendi mahali, Galin. Naijua, nimeifunga mimi." Na akamwambia Zhivka, "Nishike huku, mguu huu umelala."

Walishuka ngazi kwa sababu lifti ilikuwa mbovu, na waliokuwa nyuma ya vioo walisimama. Alitoka nje saa tisa na dakika ishirini alasiri, Ijumaa, siku sabini na sita kabla ya mchezo kutoka. Kadi yake aliiacha mapokezi, akasahau koti lake kwenye kiti, na Zhivka hakukubali kulirudia.

Aliishi hapa siku sabini na moja. Hatutaki kusema zilikuwa nzuri zote, kwa kuwa majirani mlisikia, na kuanzia katikati ya Septemba maumivu hayakumpa usingizi wala kumwachia mtu mwingine usingizi. Lakini mwezi wa kwanza alikuwa anatembea. Alikwenda na Momchil kwa njia ya nyuma ya shamba la plamu, wakapanda kadiri alivyoweza, siku ya kwanza hadi kisimani, siku ya kumi hadi juu kwenye malisho, na Momchil anasema baba yake alikuwa anasimama kila baada ya muda na kuangalia mbele, anauliza, "Na kule kuna nini?" Akiambiwa kuna msitu, anauliza, "Na baada ya msitu?" Tarehe 15 Septemba ilikuwa Jumapili, shule zikafunguliwa siku iliyofuata, na kwa mara ya kwanza tangu Elitsa aanze shule baba yake alimsindikiza hadi getini, kwa gari la jirani, akiwa amefungwa blanketi. Elitsa ana miaka kumi na mitano na aliona aibu. Amesema tusome na hilo pia.

Katika siku hizo zote hakuuliza habari za mchezo, na Galin alipokuja tarehe 28 Septemba na kutaka kumpa, alimwambia ale kwanza.

Marehemu alifariki Jumamosi tarehe 19 Oktoba 2024, saa moja na robo asubuhi, katika chumba cha mbele cha nyumba hii, mke wake akiwa amemshika na mama yake akiwa amekwenda kuongeza kuni, akiwa na umri wa miaka arobaini na mitano, miezi minane na siku kumi. Ameacha mama, mjane, watoto wawili na dada mmoja.

Familia inamshukuru Daktari Marinova kwa kusema ukweli na kwa kuuleza ukweli huo kwa simu siku ya kazi, wauguzi wa wodi ile ambao hatukupata majina yao yote, na nesi wa zahanati ya Tryavna aliyepanda mlima huu kila asubuhi na sindano zake. Inawashukuru majirani, hasa Bibi Dona aliyekamua maziwa yetu na yake, na wote waliochemsha ngano na kuoka mikate iliyoko mezani, tafadhali msiondoke bila kula. Inawashukuru wafanyakazi wa studio mliojaza mabasi mawili, mkijua leo ni siku ya kazi na tarehe mnayoikimbilia mnaijua, na Galin, aliyemalizia zile kumi na moja. Plamen Hadzhiev amefika pia, na familia inaomba asibaguliwe mezani.

Mchezo wa tano wa "Njia ya Chumvi" unatoka mtondo, Alhamisi tarehe 24. Jina la Lachezar halimo katika orodha, wala halimo kwenye mlango wowote, na kuna wenzake waliokuja jana wakiwa na karatasi ya malalamiko ya kutia sahihi, wakitaka liwekwe. Tunawashukuru, lakini mjane hatatia sahihi. Aliulizwa mwenye jina na Galin, akajibu, na alijibu akiwa na akili zake.

Lachezar, umefika kwenu. Lala salama, mume, baba, mwana na kaka, hakuna mtu atakayekuamsha uende kazini.